Msikilizaji Mmoja wa Saa ya Jazi

Nilianza kazi ya redio kwa kusoma vifo. Ndiyo kazi wanayopewa wapya hapa Lubumbashi, na wala si kazi ndogo. Mtu akifa asubuhi, mchana familia yake imeshafika mlangoni pa redio na tangazo lao, wanataka mji mzima ujue ni nani, matanga yako wapi na maziko ni lini. Mimi nilisoma vizuri. Sijisifu, nasema kilichokuwepo: kuna watu walitoa leso waliposikia tu sauti yangu, jina la marehemu bado sijalitaja. Sokoni waliniita Mama wa Vifo, na wauza nyanya walinipunguzia bei kwa woga.

Jumapili moja mhubiri wa saa kumi alichelewa. Redio haiwezi kukaa kimya, kwa hiyo nilifungua kabati la studio, nikatoa santuri ya zamani ambayo hakuna aliyekuwa ameigusa tangu tuajiriwe, nikaiweka. Ilikuwa jazi. Nikasema: "Mhubiri wetu bado yuko njiani. Tukimngoja, msikilizeni huyu naye anavyoomba kwa saksafoni."

Simu ya studio ikalia. Nikaipokea hewani, maana nilikuwa mgeni wa kazi na sikujua hatari.

"Weye mama wa vifo!" Sauti ya mzee, kavu. "Ile haiko saxophone. Ile ni trompette! Masikio yako iko ya kazi gani?"

Mtu mwenye akili angeomba msamaha. Mimi damu ilinipanda. "Papa, masikio yangu ni ya kuvalia hereni," nikamjibu.

Kisha akauliza: "Uko wa ukoo gani, weye mwenye mudomo hivi?"

"Ukoo wa Mbuzi."

Ee bwana! Mzee alicheka mpaka akakohoa, na mji wote ukamsikia anakohoa. "Basi umeisha," akasema. "Miye niko Chui. Weye ni nyama yangu."

Kwa sisi wenye asili ya Kibemba, Chui na Mbuzi ni watani, au banungwe kama tunavyowaita. Mtani wako haombi ruhusa kukutukana, na wewe huna ruhusa ya kununa. Anaweza kukuvua kofia njiani akaondoka nayo, ukabaki unacheka na kichwa kitupu. Na siku mmoja akifa, mwenzake ndiye anayefika kwenye kilio kumcheka. Anamwiga marehemu alivyotembea, alivyokula, alivyodanganya, mpaka mjane mwenyewe ashindwe kuzuia kicheko. Bila mtani, kilio kinakuwa kama bukari, huo ugali wetu, bila mboga: unameza, lakini hakishuki.

Mhubiri alipofika alikuta saa yake imeliwa. Mkurugenzi wa wakati ule alikuwa mtu wa kucheka. Wiki iliyofuata akanipa Jumapili saa kumi, na hivyo ndivyo Saa ya Jazi ilivyozaliwa. Nimeiendesha tangu ujana wangu mpaka sasa nina wajukuu.

Kila kitu ninachojua kuhusu jazi nilifundishwa na yule mzee, na alinifundisha kwa matusi. Ujanani alipiga tarumbeta, hiyo trompette yake, katika bendi ya wafanyakazi wa mgodi kule Kambove. Baadaye alihamia mjini, akajenga mtaa wa Makomeno, na sebuleni kwake alikuwa na sanduku la santuri aliloachiwa na mhandisi mmoja Mnorwei aliyekuwa akikaa mtaa wa Golf. Yule Mnorwei, siku ya kurudi kwao, alipaswa kuchagua kati ya santuri na makoti yake ya baridi. Alichukua makoti. "Kwabo kuko baridi," mzee aliniambia, "lakini ule muntu alilia, nakuambia. Alilia sawa mutoto."

Basi nilikuwa nakwenda Makomeno kila Jumamosi kuchagua santuri. Mzee ananikalisha, anaweka wimbo, anafumba macho. "Sikia ngoma iko nyuma. Haina haraka. Weye uko na haraka, njo maana unasema bila kupumua." Nilikasirika njia nzima nikirudi nyumbani. Jumapili nikifika kwenye maikrofoni, ninapumua.

Na kila Jumapili, santuri ya kwanza ikiisha, simu inalia. "Mbuzi wangu, bado unalia?" Namjibu: "Chui bila meno, umeamka?" Tunatukanana hapo kidogo, ananiambia nimekosea jina la ala au nimeingilia mpiga kinanda kabla hajamaliza, namwambia ale uji wake alale, kisha muziki unaendelea. Kipindi chenyewe kilikuwa hicho. Sikuwahi kuandika hata sentensi moja kabla ya kuingia studio. Kichekesho cha kuandika mimi sikiamini, kinanuka wino.

Ndipo tukapata mkurugenzi mpya, kijana msomi kutoka Kinshasa, mwenye adabu na mwenye mahesabu. Alipima vipindi kwa simu. Asubuhi, kipindi cha salamu, simu inalia kama mtoto mwenye njaa. Kipindi cha mpira vilevile. Saa ya Jazi: simu moja, ya mtu yuleyule.

Akaniita ofisini. "Mama," akasema kwa upole, "uko na musikilizaji mumoja. Na huyo mumoja anakutukana."

"Monsieur le Directeur," nikamjibu, "hata wewe una mke mmoja. Nani alikwambia hatoshi?"

Alicheka, na mimi nikatoka nimeinua shingo. Lakini nilipofika barabarani shingo ilishuka yenyewe. Ni kweli, hakuna mwingine aliyewahi kupiga. Hata ujumbe. Inawezekana mtu aseme miaka yote hiyo kwenye hewa ya mji mzima, kumbe anaongea na mzee mmoja wa Makomeno? Niliogopa. Nasema wazi, niliogopa sana, kwa sababu kama ni hivyo, maisha yangu yalikuwa mazungumzo ya simu.

Mwaka huo mzee akaanguka kitandani. Nilimpelekea mboga za lengalenga, nimezichuma mwenyewe uani. Akazitazama, akanitazama.

"Mbuzi analetea chui majani! Nani alikuambia chui anakula majani?"

"Chui mwenye meno anakula nyama," nikasema. "Wewe shukuru."

Alicheka kwa shida. Kisha akanishika mkono, na mkono wake ulikuwa mwepesi mno. "Siku yangu ikifika," akasema, "usinisome sawa unasoma bale bengine, na ile sauti ya jeneza. Unitukane. Mu redio, bantu bote basikie. Unitukane muzuri."

Nikamwahidi. Kwa watani hiyo si ahadi ya mchezo.

Alikufa Ijumaa. Jumamosi mkurugenzi alinikuta koridoni, macho yangu yamevimba, akanipa pole ya kweli, akanishika bega. Halafu akasema lile alilopaswa kusema. "Mama, unisamehe. Musikilizaji wako amekufa. Kesho uage vizuri. Jumapili inayofuata saa ile tunaipa watu wa maombi."

Nilikwenda kwenye kabati la studio, nikaitafuta ile santuri ya siku ya kwanza.

Jumapili alikuja mwenyewe studio, amevaa suti, akakaa nyuma ya kioo karibu na fundi mitambo ili kuniheshimu katika kuaga kwangu. Nikaweka santuri ya kwanza, ile ya siku ya kwanza kabisa, trompette. Ikaisha. Nikaitazama simu. Mtu anajua aliyekufa amekufa, lakini macho hayana akili. Ikakaa kimya. Basi nikaifungua maikrofoni.

"Sisi wa ukoo wa Mbuzi," nikaanza, "tuna furaha kubwa kuwatangazia kwamba yule chui mzee wa Makomeno ameanguka. Ameanguka bila meno, bila kucha, amelala chali kama paka aliyeiba maziwa. Mbuzi wote, tangu Kambove mpaka hapa, tokeni nje mle majani yenu kwa amani! Alikuwa anasema anapiga tarumbeta. Uongo! Nimesikia kwa walioishi naye: tarumbeta ndiyo ilikuwa inampiga yeye, na majirani wakawa wanaiunga mkono. Anayetaka kuja kulia kesho, akae nyuma. Viti vya mbele ni vya sisi tunaokuja kucheka. Maziko yatakuwa..."

Taa nyekundu ikazimika. Kwenye spika ikaingia kwaya. Mkurugenzi alikuwa amesimama, uso umempauka, mkono wake uko juu ya mitambo. Akaingia kwangu mbio.

"Mama! Umetukana maiti hewani! Familia iko inasikiliza! Kesho watatupeleka mahakamani!"

"Sijamaliza," nikasema. "Bado hata sijafika kwenye miguu yake, na miguu yake ilikuwa kichekesho."

"Umemaliza."

Nilitaka kumweleza, nikashindwa. Ningesemaje? Kwao ni Kinshasa, mambo ya Chui na Mbuzi hakufundishwa, na mtu anayeona mwanamke mzima anamwita marehemu paka ana haki ya kushtuka. Lakini ahadi yangu ilikuwa imekatwa katikati, na kipindi changu kimekufa na kwaya mdomoni. Nikakaa pale nalia kwa hasira.

Simu ikalia.

Mkurugenzi akaipokea yeye, akaweka sauti ya nje. Mwanamume akasema: "Nani amekata Mama? Mi niko na lori yangu hapa barabara ya Likasi, nimesimamisha gari ju ya kusikia. Arudie!" Kwa matamshi yake nilimjua ni mfanyabiashara wa Kivu ya Kaskazini. Kabla hajaaga, simu nyingine ikaingia: mlinzi wa nyumba moja Golf, anapiga kwa niaba yake na ya bosi wake, wote wawili wako getini na redio. Kisha mama mshonaji, Mkasai, cherehani inasikika nyuma yake. Kisha mwingine. Fundi mitambo alikuwa anacheka na kufuta machozi kwa mkono uleule.

Mkurugenzi akamuuliza yule mshonaji, karibu kwa kulalamika: "Lakini Mama, kama munasikiliza siku zote hizi, mbona hamkupiga simu hata mara moja?"

"Tupige namna gani, Papa?" mshonaji akashangaa. "Banungwe babili bakiwa banatukanana, mutu mwingine anaingiza mudomo? Miye niko Muluba wa Kasai, ile desturi haiko ya kwetu, lakini adabu niko nayo. Ile simu ilikuwa ya muzee. Shiye tulikuwa tunasikiliza tu."

Jamani. Miaka yote hiyo mji ulikuwa umeketi kimya kwa heshima, na mimi, Mbuzi mwenyewe, mwenye desturi, sikung'amua. Nilihesabu ukimya wao kama kutokuwepo. Nilitamani kumpigia mzee nimwambie, na hapo ndipo nilipoelewa kwa mara ya kwanza kwamba amekufa.

Simu ya mwisho ilitoka Makomeno, matangani kwenyewe. Sauti za watu wengi, sufuria, watoto. Mwanamume mmoja wa familia akasema kwa ukali: "Redio yenu iko hapa juu ya meza, kilio chote kinasikiliza. Mwili uko mu nyumba, munungwe wake anasema, na ninyi munakata? Munataka tumuzike nusu?"

Mkurugenzi akaweka simu chini polepole. Akanitazama. Alikuwa mwenye adabu, nimeshasema. Akanivutia kiti, akaelekeza maikrofoni mdomoni kwangu.

"Mama," akasema, "tafadhali. Maliza kumtukana."

Taa nyekundu ikawaka. Nikapumua, kama nilivyofundishwa. Nikasema maziko ni saa ngapi na wapi, kwa sababu kazi ni kazi. Nikaeleza miguu yake, ule mmoja uliokwenda Kambove na mwingine uliokwenda Kipushi, kila mguu na njia yake. Kisha nikafika mwisho, na mwisho sikuwa nimeufikiri.

"Na ni mwongo," nikasema. "Siku ya kwanza aliniambia mimi ni nyama yake, atanila. Nikangoja. Ujana wangu wote nikangoja, hakunila. Alinilisha. Santuri alinilisha, maneno alinilisha, hata kupumua. Chui gani huyu anayelisha mbuzi? Mwoneni alivyo bure. Mzikeni vizuri."

Nikanyamaza. Tusi la utani linataka jibu, ndivyo lilivyoumbwa. Mmoja akirusha, mwingine anadaka. Mimi nilikuwa nimerusha, na upande wa pili hakukuwa na mkono. Sikuweka santuri. Sikufunga maikrofoni. Nilikaa tu, na mji wote ukakaa nami, na hata mkurugenzi wa simu na mahesabu hakusogea.

Simu ikalia. Nikaipokea hewani, kama siku ile ya kwanza.

Ilikuwa sauti ya bibi kizee, kavu. Nyuma yake nikasikia zile sufuria za Makomeno.

"Miye ni dada yake, wa tumbo moja. Nimefika leo toka Kambove," akasema. "Weye mbuzi. Unafikiri chui bameisha?"

"Mama," nikasema, "nilitumaini."

"Tumaini yako uikule na chumvi. Jumapili ingine nitakupigia, na nitakukula." Akavuta pumzi, nikasikia kwamba naye analia. "Sasa weka trompette, mutoto. Kilio iko inangoja."

Nikaweka.