Mnywachozi na Vitunguu Vyangu

Mnywachozi nilimtunga mimi. Sikumrithi kwa wazee wala sikumwona kwenye televisheni. Nilimtunga mikono ikiwa na unga wa chapati, simu imeegemezwa kwenye kopo la chumvi, mjukuu wangu akilia mbele ya uso wa mama yake.

Binti yangu alikuwa Uarabuni, kazi za ndani. Aliniachia mtoto angali anakojoa kitandani. Kila Ijumaa alipiga tuonane kwa video, na kila Ijumaa ilikuwa matanga: mtoto analia, mama analia, bando linakwisha hakuna aliyeuliza hali. Siku moja akaniambia, "Mama, tajiri akinikuta na macho mekundu ataninyang'anya simu." Basi nikafanya nilichofanya.

"Unajua nani ananusa hayo machozi?" nikamuuliza mtoto. "Mnywachozi."

Nikamweleza. Anatoka nchi iliyo nyuma ya mawingu, jua lake la kijani, mito yake ya chumvi. Hana meno. Shingo ndefu kama mpira wa maji, mdomo kama tundu la sindano. Nyama hali. Anakula huzuni, na hamu, na uchungu wa kuachwa. Akinusa chozi hushuka, hutua juu ya tangi letu la maji, huingia kwenye simu, akamfuata yule unayemlilia na kumnyonya mpaka abaki kama kapi la muwa. "Ukilia, atampata mama."

Mtoto akanyamaza papo hapo, kama redio iliyochomolewa.

Nami nilijivuna, nisiseme uongo. Mimi nauza viazi karai, vile vya kuchovya kwenye unga na kukaanga, hapa Majengo, na kila mteja alisikia: "Mjukuu wangu halii." Jirani yangu Mkamba, muuza mboga za sukuma wiki, akanitania, "Shosho, huyo si mtoto, huyo ni askari jela."

"Wivu tu," nikamjibu. "Wako analia akiona kijiko cha dawa."

Siku moja mjukuu wangu alianguka mtaroni goti likachubuka mpaka nyama nyeupe. Akasimama, akafunga mdomo, akatazama juu kwenye tangi. Nikamnunulia soda.

Jambo jingine la kujivunia lilikuwa vitunguu. Viazi karai bila kachumbari ni chakula cha mgonjwa, kwa hiyo kila alasiri nina beseni la vitunguu. Kazi hiyo aliitaka mwenyewe. Akitoka shule, viatu huku, mkoba kule: "Bibi, vitunguu viko wapi?" Anamenya, anakata, machozi yanamtiririka mpaka kidevuni, nami nawaambia watu, tazameni, mpishi huyo ameshazaliwa.

Kisha binti yangu akarudi, na nia yake ilikuwa asiondoke tena. Alipiga magoti mlangoni akafungua mikono. Mtoto akasimama mbali, macho makavu, akanyoosha mkono. "Shikamoo." Kama anamwamkia mgeni wa chama cha akina mama.

Siku zikapita, mtoto ni vilevile. Akikumbatiwa anakuwa gogo.

"Mama, ulimwambia nini juu yangu?" binti yangu akaniuliza.

"Mazuri matupu."

"Mbona hanipendi?"

Nikamwambia atazoea. Ijumaa akaanza kukunja nguo zake kuzirudisha sandukuni. Alisema kama mtoto mwenyewe hamtaki, bora akachukue mkataba mwingine.

Ijumaa mimi sikaangi. Nilikuwa nimekaa uani juu ya kibao cha mbuzi ya nazi, najifanya nachambua mchele, mtoto akaja. "Bibi, vitunguu viko wapi?"

"Leo hatuuzi."

"Kimoja tu."

"Cha nini?"

Akatazama tangi, akaninong'oneza sikioni. "Machozi ya vitunguu hayanywi. Yanamuwasha."

Mchele ukanimwagika. Alasiri zote zile! Mtoto anamlilia mama yake mbele ya macho yangu, nami namsifu kwa upishi.

"Mnywachozi hayupo, mjukuu wangu," nikamwambia. "Ni uongo wangu."

Akaniziba mdomo kwa kiganja chenye harufu ya vitunguu vya jana. "Bibi! Usimtukane. Mama yuko ndani ya nyumba, atamwona!"

Hapo ndipo nilipoelewa ule ugogo. Kumtunga Mnywachozi hakukunichukua muda wa kugeuza kiazi kwenye mafuta, na sasa nilikuwa siwezi kumuua.

Nikamwita binti yangu uani, nikamweleza yote mtoto akisikia. Heri angenipigia kelele. Alisema tu, "Kumbe, Mama," akaegemea ukuta.

Mimi si mtu wa kulia. Hata eda ya mume wangu niliikaa macho makavu, wanawake wakanisifu. Lakini lile "kumbe" lilinikata. Nikalia, na kitunguu hakipo.

"Bibi, nyamaza! Atamchukua mama!" Mtoto ananivuta leso.

"Aje. Aanze na mimi niliyemwita." Nikamshika binti yangu mkono, mtoto aone haendi popote, nikalia kwa sauti mpaka jirani akachungulia.

"Shosho, kuna msiba?"

"Hakuna. Nenda kauze mboga zako."

Mtoto alilitazama tangi muda mrefu. Halafu akamwendea mama yake, akambonyeza shavu kwa kidole kama tunavyobonyeza kiazi kujua kama kimeiva.

"Bado umejaa?"

"Bado nimejaa," mama yake akamwambia.

Kidevu kikaanza kumtetemeka. Akaficha uso kwenye tumbo la mama yake, na kilio kilichotoka humo sikukipa jina. Nilichukua ungo, nikaanza kuokota mchele.

Sanduku lilirudi juu ya kabati. Lakini mpaka leo mtoto huyo akitaka kulia, kwanza anatazama tangi. Jirani anadhani anaangalia ndege. Mimi namwacha adhani hivyo.