Q na X za Agatha

Sikubembelezi uamini. Mimi ni fundi simu, Msamala hapa Songea, na habari za mizimu nilikuwa nazicheka. Hili lilinipata mwenyewe, mchana kweupe, na pombe sinywi.

Mama mmoja wa Peramiho aliniletea gemu ya mkononi ya binti yake, Agatha, aliyefariki kwa ugonjwa wa kifua. Alitaka maandishi yote ya gemu ile yawe kwa mwandiko wa mtoto. "Nikiiwasha, nione mkono wake," alisema. Alibaki na daftari moja tu, la Kiswahili. Mengine yalishafungiwa maandazi.

Nikapiga picha herufi moja moja, nikatengeneza fonti, yaani seti ya herufi za kwenye skrini, nikaiingiza kwenye gemu. Ikakubali, ila kila penye q au x pakatokea kisanduku kitupu. Sasa ningezitoa wapi? Tangu lini Kiswahili kikawa na q? Na gemu yenyewe ni ya Kiingereza. Kumchorea za uongo roho ilikataa, na mama wa watu alishakuja mara tatu kuulizia.

Saa nane mchana, mvua inamwagika, akaingia binti mwenye sweta la shule.

"Shikamoo, fundi."

"Marahaba."

Akaomba kalamu. Akaitazama ile gemu mezani, akasema, "Zimebaki mbili." Akaandika q na x nyuma ya boksi la chaja, akatoka. Nikadhani ni mdogo wa marehemu, katumwa na mama. Kilichonishtua ni sakafu. Mvua yote ile, na hakuacha hata tone.

Nikaziingiza hivyo hivyo. Mama alipokuja akaiwasha, akaiona x: c mbili zimepeana migongo. Akakaa chini.

"Nilimgombeza mno kwa x hii. Umeitoa wapi?"

Nikamweleza. Akaniambia hana mtoto mwingine. Kisha akaniuliza jambo moja tu: "Alikuwa anakohoa?"

"Hapana, mama. Hakukohoa hata mara moja."

Akalia, nami nikalia mbele ya wateja, wala sioni aibu kusema.

Hadi leo mvua ikinyesha mchana sifungi mlango, hata maji yaingie. Nawe fundi mwenzangu, ukiletewa mwandiko wa marehemu, hesabu herufi kabla hujapokea kazi. Ukiacha pengo, mwenyewe atakuja kuliziba, na huyo si mteja wa kumwambia arudi kesho.