Orodha Niliyoigongea Muhuri

Nakumbuka asubuhi moja hapa Ihanda, mwanangu, nilipobandika karatasi kwenye mlango wa ofisi ya chama, kisha nikarudi kukaa kwa raha zangu.

Ulikuwa msimu wa kahawa. Nilikuwa katibu wa chama chetu cha wakulima, kijana mwenye kalamu mbili mfukoni na muhuri nilioupenda kupita kiasi. Karatasi ile ilikuwa orodha ya wafanyakazi, kuanzia mkubwa kazini hadi mdogo. Jina la Nzowa, msimamizi wa vichanja vya kukaushia kahawa, lilikuwa la kwanza kwa misimu kumi na moja. Mimi na wajumbe wawili wa bodi tulilishusha hadi la tano. Kisa, kahawa iliachwa wazi kwenye jua kali la mchana, maganda yakapasuka, mnunuzi akaishusha daraja. Kazi ya kufunika ilikuwa ya Nzowa, basi. Tulimaliza kikao kabla chai haijachemka.

Na orodha ile haikuwa mapambo. Msimu ukiisha, wanne wa juu walibaki kazini mwaka mzima, waliobaki walikwenda nyumbani. Kwa hiyo wa tano alikuwa ameondoka tayari.

Nzowa aliisoma wakulima wakiwa nyuma yake na madebe yao ya kahawa mbivu. Alishuka na kidole hadi akajikuta. Kisha akarudi vichanjani kugeuza kahawa. Nami kwa akili zangu za wakati ule nikasema moyoni, ameona kosa lake huyo.

Mzee Haonga, aliyekuwa mpimaji wa kahawa wa chama hata kabla sijazaliwa, akaniita kwake. Nilikwenda nikitarajia sifa. Akaniuliza jambo moja tu, Nzowa alisemaje. Nikamjibu kwamba hatukumwita, kosa lilikuwa wazi.

"Basi hamkuamua," akasema. "Mlikisia tu, wewe ukagonga muhuri."

Nilikasirika, sikufichi. Nikashuka moja kwa moja hadi kwenye vichanja ili nimwoneshe mzee kwamba jibu lingekuwa lile lile. Nikamuuliza Nzowa kwa nini hakufunika kahawa. Alinitazama kama anayepima iwapo namtania.

"Turubai ziko stoo, katibu. Zimefunika mbolea. Wewe ndiye uliyeagiza."

Nikakumbuka. Paa la stoo lilikuwa linavuja, nikatuma watu wachukue turubai, kisha nikasahau kabisa kuzirudisha. Nzowa alikuwa amezifuata mara mbili, mtunza stoo akamwambia hazitoki bila kauli yangu. Aibu iliyonishika siwezi kukueleza yote. Nikamuuliza kwa nini hakuniambia baada ya kuona orodha.

"Hukuniuliza," akasema, na akaendelea na kazi.

Niliibandua karatasi mwenyewe. Bodi nzima ikakaa, Nzowa akaja na mwenzake wa kazi akaeleza, nami nilitoka nje kwa sababu kesi ile ilikuwa yangu pia. Wakamrudisha juu. Lakini walioisoma karatasi ya kwanza walikuwa wametoka mbali, na wengi hawakurudi kuisoma ya pili. Mpaka anastaafu, alikuwapo mtu wa kumsalimia na kumuuliza kama ni kweli aliharibu kahawa ya watu. Hilo bado linaniuma.

Sasa nimesikia nawe umechaguliwa kwenye bodi ya chama, na wiki ijayo mnapanga upya wafanyakazi. Mwanangu, usimshushe mtu hujamwita. Mwandikie anachotuhumiwa, mpe siku za kujiandaa, aje na mwenzake akitaka. Msikilize ukiwa tayari kubadili nia, maana kumwita mtu uliyekwisha kumhukumu ni kumpotezea muda. Ukiona mkono wako umo kwenye jambo lenyewe, toka nje, hata kama hakuna aliyekuomba utoke. Sababu ziandikeni, na mwelezeni pa kukata rufaa. Huenda mwisho akashuka kweli. Ashuke akijua kwa nini, na asilisome jina lake mlangoni akiwa na watu mgongoni.

Mungu akutangulie, mwanangu, akupe miaka mingi ya kuwatumikia hawa wakulima wetu. Na kila utakapoushika muhuri ule, akukumbushe kuuliza kwanza.