Pedali ya Katikati

Mwanangu, ipo siku moja ambayo kila nikiikumbuka viganja hunitoka jasho, na wala haikuwa siku ya msiba. Ilikuwa siku ya harusi. Kaa nikusimulie. Najua ninyi mliozaliwa hapa Kiswahili changu mnakisikia ila mnanijibu kwa Kiingereza. Haidhuru. Leo sitaki majibu, nataka masikio.

Nilikuwa mke mgeni hapa Johannesburg. Nilizaliwa Morogoro, nikaolewa na kijana wa Afrika Kusini aliyekuwa ukimbizini kwetu, na nchi yao ilipokombolewa nikafunga mizigo nikamfuata. Tukafikia kwa wazazi wake, Troyeville, kwenye nyumba iliyokuwa juu ya mteremko. Mke mgeni kwao huitwa makoti, na makoti ana miiko yake: kichwa hakiachi wazi, sauti haipandishi, baba mkwe hamtaji kwa jina, wala shemeji yake hamkosoi mbele ya watu. Mimi miiko hiyo niliishika kwa mikono miwili, maana nilikuwa naogopa kuambiwa kuwa kwetu sikufunzwa. Kizulu sikukijua. Kiingereza changu kilikuwa cha shuleni, hakitoki mpaka kisukumwe. Nyumba nzima mtu wa kuzungumza naye Kiswahili alikuwa mmoja tu, mume wangu.

Baba mkwe alikuwa fundi wa magari aliyestaafu. Nyuma ya nyumba, kwenye gereji, alikuwa na gari la Ulaya lililoundwa kabla ya vita kuu ya kwanza, ameachiwa na mzee wa Kizungu aliyefanya kazi naye miaka mingi na ambaye hakuwa na mtoto. Gari refu, jeusi, taa zake za shaba, linawashwa kwa kuzungushwa hendeli. Alasiri nikimpelekea chai, adabu ilinitaka nikae pale mkekani mpaka amalize kikombe. Naye hakuwa mtu wa kunywa chai kimya; alinisimulia kwa Kiingereza chepesi, nami nilikisikia kuliko nilivyoweza kukisema. Wanawe walikuwa wameshachoka na hadithi zake za gari, akaniona mimi nisiyeweza kuinuka nikaondoka. Maskini mimi.

Ndipo nikajua kwamba gari lile lilikuwa na ndugu. Kiwanda chao kilianza na baiskeli, kisha wakaunda gari la watu wawili, halafu wakaona baba wa nyumba naye anataka kwenda kanisani na mke na watoto, wakaunda la familia. Likapendwa. Wakalitoa dogo, la kati na kubwa, na kila baada ya miaka michache wakazaa lingine, yote yana pua moja na nembo moja. Mtu akiyaona barabarani husema ni gari lile lile. Lakini Baba alikuwa akigonga kikombe kwa kijiko na kuniambia: "Sura ni moja, makoti, miguu ni mbalimbali." Yale yaliyozaliwa kabla ya vita, kama lake, pedali ya mafuta iko katikati na breki iko kulia. Yaliyozaliwa baada ya vita, kiwanda kilibadilisha, breki ikaja katikati na mafuta yakaenda kulia, kama magari ya leo. Tena yale ya kwanza breki zinashika magurudumu ya nyuma tu. Nilisikia hayo mara nyingi hata nikawa nayaota, na moyoni nikajiuliza yatanisaidia nini mimi nisiyejua kuendesha hata baiskeli.

Basi ikafika harusi ya wifi yangu, Nomsa. Ilipangwa Baba mwenyewe amwendeshe bintiye hadi kanisani kwa gari lile. Asubuhi hiyo wazee wa upande wa bwana harusi wakaingia na neno, na neno la wazee haliishi upesi, unajua. Baba akafungiwa nao sebuleni. Saa ya kanisa ikakaribia. Wanawake wakaanza kuimba uani, Nomsa amekwishapanda nyuma na shela lake, anajipepea. Ndipo shemeji yangu Themba akasema yeye ataendesha. Kuna rafiki yake wa chama cha magari ya zamani, alikuwa na ndugu mdogo wa gari lile, yule aliyezaliwa baada ya vita, na Themba alikuwa amemwendesha mara nyingi. "Sharp, haina shida, hii naijua," akasema, "ni familia ile ile." Akaketi.

Mwanangu, nilikuwa nimesimama ubavuni mwa gari. Nilimtazama mguu wake. Ulikwenda katikati ukatulia pale, kama mguu wa mtu aliyeuweka juu ya breki.

Nikamsogelea mume wangu, nikamnong'oneza kwa Kiswahili: "Pedali za gari hili si kama za lile lingine. Breki iko kulia. Mwambie nduguyo."

"Themba anaendesha tangu akiwa na miaka kumi na minane," akanijibu. "Usiniaibishe mbele ya watu, mama."

Nikarudia. Akanishika mkono, akatabasamu ili watu wasijue tunazungumza nini. Watu wengi walikuwa karibu nasi na hakuna aliyeelewa hata neno moja. Themba alikuwa hatua chache kutoka nilipo. Ningeweza kumwambia kwa Kiingereza changu kibovu, maneno matatu tu yangetosha. Ulimi ukawa mzito. Nilifikiria mama mkwe atasema nini, nikafikiria wale shangazi waliokuwa wakinitazama tangu nilipofika, nikafikiria Morogoro na jina la mama yangu.

Hendeli ikazungushwa, gari likanguruma. Nikajipa tumaini kwamba akikanyaga kulia kuongeza mafuta litagoma, naye atagundua. Lakini magari yale yana kijiti cha mafuta kwenye usukani, cha kwendea polepole, naye akasukuma kijiti. Gari likaanza kutambaa kuelekea geti. Nje ya geti ni mteremko, na chini ya mteremko kuna robot, ndivyo waitavyo hapa taa za barabarani, ambapo teksi hukatiza bila kumwangalia mtu. Nikamwona Nomsa nyuma akitupungia mkono.

Sijui nilitoka vipi pale niliposimama. Nilijikuta katikati ya geti, mikono nimeinyoosha pande zote, kilemba kimeanguka, makoti amesimama mbele ya gari la bibi harusi. Nyimbo zikakatika. Na Themba, akitaka kuninusuru, akakanyaga kwa nguvu zake zote pale alipojua kuna breki.

Gari likanirukia.

Nililisikia likinguruma, kisha nikaona madigadi, nikarudi upande, nikahisi nguzo ya geti nyuma ya mgongo wangu. Lilipogonga nguzo likazimika. Bibi harusi hakuumia. Mguu wangu wa kushoto ulibanwa kati ya chuma na tofali, na ndio huu unaoniona nauburuta. Wazee husema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Mimi la mkuu nililisikia vizuri sana, tena na chai, na guu likavunjika vilevile.

Baba mkwe akatoka mbio, tai imepinda. Akapiga magoti kando yangu wakati tukisubiri gari la wagonjwa. Nilidhani ataniuliza kwa nini nimeivunjia nyumba heshima.

"Ulijua?" akauliza.

"Nilijua, Baba."

"Ukamwambia nani?"

"Mume wangu."

"Kwa lugha gani?"

"Kwa Kiswahili." Mume wangu alikuwa amesimama nyuma yake, machozi yanamtoka.

Baba akanifuta uso kwa leso yake. "Aliyeshika usukani ni Themba," akasema. "Wewe umekwenda kumwambia asiyeendesha, kwa maneno asiyoyajua anayeendesha, halafu ukaja kuniwekea mwili wako mbele ya gari. Heshima niliyoitaka kwako ni ya kuniletea chai. Sikukuomba heshima ya kunizikia binti." Kisha akainamisha kichwa. "Na mimi nimekufundisha wewe, nikaacha kumfundisha mwanangu."

Nomsa alifunga ndoa jioni ile, amefika kanisani kwa teksi. Mimi nilikuwa hospitali, na sikuwahi kuonja hata kipande cha keki.

Sasa sikiliza, mwanangu, maana nina wasiwasi nanyi kuliko nilivyokuwa na wasiwasi siku ile. Nawaona. Mnaona rafiki amelewa na ameshika funguo, mnaandikiana kwenye simu ninyi kwa ninyi. Mnaona mwenzenu anapotea, mnanong'ona chumbani kwa lugha ambayo mama yake haijui, kisha mnasema mlikwisha kusema. Kusema si kutoa maneno kinywani. Ukijua la hatari, mtafute aliyeshika usukani, umwambie yeye, kwa lugha anayoisikia, hata kama inakutoka vibaya, hata kama shangazi wote wanakutazama. Na mtu akikuambia kitu fulani anakijua kwa sababu anamjua nduguye, mwulize kilizaliwa lini na kimebadilika nini. Kuuliza si ujinga. Adabu ishike, ni nguo yako, lakini nguo huvuliwa pale mtu anapozama na wewe ndiye unayejua kuogelea.

Mungu akupe ulimi mwepesi siku utakayouhitaji. Akukutanishe na watu watakaogeuka wakusikilize. Na wale uwapendao wafike waendako, nawe uwepo mezani keki ikikatwa. Amina.