Mkono wa Kushoto wa Binti wa Shaba

Mtaa mzima ulimwita Mama Tanuri, na mwenyewe hakuona ubaya. Tangu arithi karakana ya baba yake alikuwa akiyeyusha madini na kusubu vipuri vya pampu, kazi isiyomfanya mtu aimbe. Lakini siku wifi yake, mchonga sanamu, alipomletea binti wa nta anayegeuka mti ili amsubu kwa shaba, aliimba hadi majirani wakafunga madirisha.

"Hadithi ya Wagiriki wa kale hiyo," wifi alimweleza. "Mungu mmoja kamtaka binti kwa nguvu. Binti katimua mbio, kaona anakamatwa, kaomba ageuzwe mti."

"Bora mti kuliko mume king'ang'anizi!"

Binti huyu alivaa jinzi na raba, na vidole vyake viliishia kwenye majani membamba. Wifi alimfinyanga mwaka mzima, na nakala nyingine hakuwa nayo. Nta ingefunikwa kwa udongo, moto ungeiyeyusha itoke, kisha shaba imiminwe palipobaki wazi. Mambo yakienda mrama, basi tena.

Kila ncha huhitaji kijitundu cha kutolea hewa. Wifi akanuna, eti vijitundu vitaacha makovu kwenye majani. Wakavutana weee! Mteja mwingine angetimuliwa, lakini wifi ni wifi. Ili yaishe, Mama Tanuri akauacha mkono wa kushoto bila tundu.

Siku ya kumimina, Mama Tanuri aliimba tena. Shaba iliteremka ikimetameta, ikachomoza kwenye matundu yote. Kalibu ya udongo ilipopoa wakaivunja kwa nyundo, roho mkononi. Uso, safi! Raba, mpaka kamba zake! Mkono wa kulia, majani tele. Wa kushoto uliishia kwenye vidole. Hewa ilikwama, na jani halikutoka hata moja.

Mama Tanuri alitamani ardhi ipasuke immeze. "Wifi yangu, nimekuharibia."

Wifi alimzunguka binti polepole, akaenda kusimama nyuma yake, pale ambapo yule mungu angekuwa anamfukuzia. Kiganja kitupu cha kushoto kilikuwa kimemwelekea wifi usoni.

Ghafla akaangua kicheko huku machozi yakimtoka.

"Usiuguse mkono huu! Wala usiunge jani lolote. Kabla hajawa mti, wifi, mwache kwanza amzabe kofi!"