Nyumba ya Vyumba Sita Niliyoibomoa Nikiwa Nimekaa

Ipo Jumamosi moja ambayo kila nikitaka kuisahau inanirudia na harufu yake kamili: vitenge vipya, vumbi lililopashwa moto na feni, mihogo ya kukaanga inayopanda kutoka mtaani. Siku hiyo, mwanangu, nilibomoa nyumba ya watu nikiwa nimekaa kitako, mguu mmoja juu ya robota la vitenge, mkononi sina hata nyundo.

Nakuita mwanangu na nina miaka kumi na saba. Usicheke. Kuna madogo wa kidato cha kwanza wananiamkia shikamoo, nami naitikia marahaba bila aibu yoyote. Nimesikia unataka kufungua seva yako, uwaalike washkaji, uwe mkubwa wao. Vizuri. Kaa hapa kwanza. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na leo mkuu ndiye mimi, kwa sababu hakuna mwingine aliyejitokeza.

Nilikuwa kidato cha tatu. Mama yangu anauza vitenge Kariakoo, ghorofa ya pili, na nyuma ya frem yake kuna stoo. Humo stoo ilikuwemo kompyuta ya mezani iliyokwisha kustaafu, inapumua kama mzee aliyepanda ngazi. Nikaifuta vumbi, nikaifanya seva. Kama hujui, seva ndiyo inayoishikilia dunia ya mchezo ili wengine waingie kwa simu zao na laptop zao. Ikizimika, dunia yote inazimika, hata kama ulikuwa katikati ya kuvuka mto.

Mchezo wetu ulikuwa wa vitofali. Unaingia kwenye nchi tupu, majani na vilima, unachimba, unapata tofali, unajenga. Tuliiita Mtaa. Walioingia hawakuzidi wanane, wote rafiki zangu, na kwa kuwa kompyuta ilikuwa ya kwetu, nilikuwa na uwezo wasiokuwa nao wao. Niliandika amri moja, mvua ikanyesha. Nyingine, jua likatua saa sita mchana. Nyingine tena, mtu akajikuta juu ya mlima amezungukwa na kuku kumi na wawili. Walinibatiza Diwani, kwa kuwa mimi ndiye niliyegawa viwanja, na kama madiwani wengine ninaowajua, nilijigawia cha kwanza kabisa, kando ya maji.

Lakini nikuambie kitu ambacho sikuwahi kuwaambia. Mchana wa likizo, wenzangu wakiwa hawajaingia, nilikuwa nazurura mle peke yangu. Chini yangu Kariakoo inapiga kelele, wachukuzi wanaomba njia, spika zinatangaza viatu. Juu yangu feni inazunguka. Na mbele yangu Mtaa umetulia tuli, vivuli vya nyumba za rafiki zangu vinasogea polepole juu ya majani. Taa aliyoisahau mwenzetu Neema inawaka dirishani kwake mchana kweupe. Nilikuwa nasinzia nikiitazama. Wakati mwingine sikujua kelele zile zinatoka upande gani wa kioo.

Sasa Sudi. Huyu ni rafiki yangu toka darasa la pili. Kwao ni Kariakoo hasa, Kariakoo ya kabla ya ghorofa. Bibi yake, Bibi Mwanahawa, aliishi kwenye nyumba ya Kiswahili: vyumba sita, vitatu huku, vitatu kule, korido katikati, baraza mbele, uani nyuma. Kisha warithi wakawa wengi kuliko vyumba, nyumba ikauzwa, ikavunjwa, Bibi akahamia Mbagala kwa binti yake. Mahali pale sasa pana ghorofa, na simu zinauzwa hapo alipokuwa akichomea vitumbua.

Sudi aliijenga ile nyumba upya ndani ya Mtaa. Miezi miwili. Sisi tunapigana na mazimwi, yeye yuko kwenye kona yake anapanga tofali, anasimama, anampigia Bibi simu. "Bibi, dirisha la chumba cha mjomba lilikuwa na nondo ngapi?" Tulimcheka. Akatuambia kwamba Jumapili fulani atampelekea Bibi laptop ili aione. Nilisikia, mwanangu. Siwezi kusema sikusikia. Nilisikia kama unavyosikia tangazo la viatu.

Basi Jumamosi, mkesha wa hiyo Jumapili, nimekaa stoo, mchana mrefu, uvivu unaniwasha. Mzaha mzaha hutumbua usaha, wazee walisema, lakini mimi wakati huo nilidhani methali ni za kujibia mtihani. Nikachagua kona ya baraza la nyumba ya Sudi, nikachagua kona ya uani, nikaandika amri ya kufuta vyote vilivyo katikati. Nyumba ikawa hewa. Hata vumbi halikuruka. Hapo hapo nikasimamisha ghorofa nane za kioo, na mlangoni nikaweka kibao: FREM ZINAPANGISHWA, MUONE DIWANI. Nikapiga picha, nikaitupa kwenye grupu.

Walicheka. Dakika mbili tatu walicheka kweli, na mimi nikajiona mwerevu wa Ilala yote. Halafu Sudi akaandika neno moja. "Irudishe."

Nikajibu, "Mwekezaji hataki."

"Diwani, irudishe. Bibi anaiona kesho."

Nikaenda kutafuta nakala ya dunia yetu, ile ambayo Neema alinikumbusha kuitunza kila wiki. Neema ni binti wa muuza mabati, watu wa Kilimanjaro, ana akili za kuhifadhi vitu. Nakala niliyoikuta ilikuwa ya kabla ya mwezi wa Ramadhani. Nikaifungua kwa pembeni. Kwenye kiwanja cha Sudi palikuwa na majani tu, na kondoo mmoja ananitazama.

Hapo ndipo nilipofanya la pili, baya kuliko la kwanza. Nikaandika: "Jamani, umeme ulikatika ghafla, dunia imeharibika."

Neema akajibu papo hapo: "Umeme ndio umejenga ghorofa nane?"

Sudi akatoka kwenye grupu. Nikampigia, akakata. Nikampigia tena, akakata. Jioni Neema akapanda mpaka dukani, akamwamkia mama yangu vizuri, akaingia stoo, akasimama ameshika kiuno.

"Umezingua, unajua?"

"Najua."

"Hujui. Kesho tunaenda Mbagala, wewe na mimi. Kwa Bibi utaongea wewe."

"Nimwambie nini? Ni mchezo tu, Neema."

"Mwambie hivyo hivyo basi. Mwambie ni mchezo tu. Nataka niwepo."

Jumapili tukawa Mbagala. Bibi Mwanahawa alikuwa amekaa kwenye mkeka, miguu ameinyoosha, khanga mbili, miwani mizito. Sudi yupo, ameegemea ukuta, anautazama mlango kana kwamba mimi ni upepo ulioingia. Nikapiga magoti kabisa.

"Shikamoo Bibi."

"Marahaba." Akaivua miwani, akaifuta, akaivaa tena. "Wewe ndiye uliyenivunjia nyumba mara ya pili?"

Nilikuwa nimeandaa maneno njiani. Yalikuwa mazuri. Yakapotea yote. Nikasema, "Ndiyo, Bibi. Nilikuwa natania."

"Yule wa kwanza hakuwa anatania," akasema taratibu. "Alikuja na karatasi, akakaa barazani, akanywa chai yangu. Akanipa wiki mbili. Nikaaga chumba kimoja kimoja. Wewe, mwanangu, hukunipa hata muda wa kutoa chungu jikoni."

Hakupaza sauti. Laiti angepaza. Kwetu tukikosea tunapigiwa kelele mpaka ghorofa ya nne, unainama, zinapita. Maneno ya Bibi hayakupita. Yalikaa pale mkekani pamoja nasi, yanatungoja.

Nikamwambia naweza kuijenga upya, siku hiyo hiyo, kwa amri, ukuta mzima kwa mara moja.

"Na kuivunja ulitumia hiyo hiyo amri?"

"Ndiyo, Bibi."

"Basi iache. Jenga kwa mkono, kama alivyojenga mwenzio. Mimi nitakuwa nakwambia."

Ndivyo nilivyojenga, mwanangu, Jumapili nne, kwenye laptop ya Neema, nimekaa mkekani Mbagala huku seva inapumua Kariakoo. Tofali moja, tofali jingine. Bibi anaongea amefumba macho. Hakuniambia urefu wala upana, aliniambia mambo. Kwamba mchana wa joto watoto walilala koridoni kwenye saruji, kwa sababu upepo uliingia mlango wa mbele ukatokea uani, na aliyelala katikati ndiye aliyefaidi. Kwamba mlimao wa uani uliegemea upande wa jikoni, umezoea moshi. Kwamba kwenye chumba cha tatu alizaliwa mama yake Sudi, mvua inapiga bati mpaka mkunga hakusikia kilio. Nami kila nikiweka tofali moja la chumba hicho, nasikia mvua.

Tatizo lilikuwa Sudi. Hakunisemesha. Alikaa pale kila Jumapili, akiniona nimekosea anapitia kwa Bibi.

"Bibi, mwambie mlango wa bafu ulikuwa kushoto."

"Kulia," anasema Bibi.

"Kushoto, Bibi. Nilikuwa naugonga kichwa."

"Ulikuwa unagonga ukuta, kwa sababu mlango ulikuwa kulia na wewe unapita kushoto. Diwani, weka kulia."

"Bibi, mwambie anakuwa mjinga kama kawaida yake."

"Amesikia, ana masikio. Diwani, umesikia?"

"Nimesikia, Bibi."

Neema anacheka, Bibi anacheka, Sudi anageuka dirishani. Shuleni hivyo hivyo. Tulikaa dawati moja toka darasa la pili, sasa ananipitishia daftari kwa mtu wa tatu. Usiku, mwanangu, usingizi wangu wote ulikuwa korido. Natembea, milango mitatu huku, mitatu kule, yote imerudishiwa, ndani kuna watu wanaongea taratibu, nami sijui ni mlango upi alipo mwenzangu.

Jumapili ya nne nikaweka bati la mwisho. Nikasogea nyuma niitazame kutoka barabarani. Haikuwa ile ya Sudi. Yake nilishaiua, na kilichokufa kimekufa. Hii ilikuwa dada yake: baraza limepinda kidogo, mlimao umenenepa. Jua la Mtaa lilikuwa linaelekea kutua na dirisha la mjomba likashika rangi ya chungwa. Bibi akaisogelea laptop, karibu sana, pua inagusa kioo. Nikamwuliza, "Tuingie, Bibi?" nikaanza kumtembeza yule mtu wangu wa kwenye mchezo kuelekea mlangoni.

"We! Simama hapo." Alinipiga mkononi. "Unaingia tu nyumba ya watu, hata hodi?"

"Bibi, nyumba ni yako. Hamna mtu ndani."

"Umejuaje? Piga hodi."

Neema akang'ata ncha ya kitambaa chake asicheke. Nikaandika, kwa herufi zinazoonekana na kila aliyemo ndani ya Mtaa: Hodi. Tukangoja. Mchezoni upepo unatikisa majani, jua linashuka. Mara ya pili: Hodi. Nikageuka nimwambie Bibi kwamba nilimwambia, nikaona ukutani hapana mtu. Sudi alikuwa ametoka, yuko kibarazani na simu yake, ametugeuzia mgongo.

Kisha kwenye kioo, chini pale, yakatokea maneno. Jina lake, nukta mbili, halafu: "Karibu ndani, Diwani. Vua viatu."

Lilikuwa neno lake la kwanza kwangu kwa mwezi mzima. Neema akalisoma kwa sauti ili Bibi asikie, na Bibi akaitikia kwa kichwa, kama mtu aliyelijua siku nyingi.

"Haya, sasa ingia," akasema. "Taratibu. Kuna watu wamelala koridoni."

Tukaingia. Nilitembea polepole kuliko nilivyowahi kutembea kwa miguu yangu halisi. Mwisho wa korido, kwenye mwanga wa uani, mtu wa Sudi alikuwa amesimama kando ya mlimao, anaruka ruka papo kwa papo, kama tulivyozoea kusalimiana zamani. Kuna kitu kikaniingia jichoni. Mbagala ina vumbi.

Basi mwanangu, usia wangu ni huu, na nimeulipia kwa Jumapili nne ambazo ningeweza kulala. Fungua seva yako, waite rafiki zako, lakini jua kwamba umiliki wa kompyuta si umiliki wa walichojenga ndani yake. Wewe ni mlinzi, na mlinzi akianza kuchezea funguo mji hauna mlinzi tena. Hujui tofali lipi ni mchezo na tofali lipi ni chumba alichozaliwa mama wa mtu, na hakuna anayelazimika kukuambia. Kwa hiyo yaheshimu yote. Tunza nakala kila wiki, na usiitunze peke yako, mpe hata anayekukera, huyo ndiye anayekumbuka. Amri inayovunja usiiandike ukiwa na uvivu. Utani ni mtamu, mimi mwenyewe bado naishi kwa utani, lakini mtanie mtu kwa kilicho chako: jengea ghorofa kwenye kiwanja chako, weka kuku kichwani pako. Na ukivunja, maana utavunja, sema ni wewe kabla hujausingizia umeme. Halafu kaa chini ujenge kwa mkono, usihesabu siku, usiombe kusamehewa kila dakika kama unaomba maji. Aliyeumia ndiye anayejua lini.

Nenda sasa, una kazi ya nyumbani ya hesabu, na mimi pia ninayo. Mola akupe mkono mwepesi kwenye kujenga na mzito kwenye kufuta. Akupe rafiki wachache wasiokuogopa. Na siku utakayosimama nje ya mlango ulioufunga mwenyewe, awepo mtu ndani wa kukujibu.