Sista wa Galisia kwenye Barabara ya Kabambare

Watakaosema kwamba ujane umeniharibu akili, na waseme. Nilimwona kwa macho haya, Jumatatu ya Pasaka, jua likiwa halijazama.

Sista huyo ndiye aliyenifundisha kusoma hapa Kasongo, nikiwa tayari na wajukuu. Alitoka Galisia, pembe ya Hispania inayotazama bahari, nchi ya mvua ambako maghala ya mahindi husimama juu ya miguu ya mawe, panya wasipande. Lugha yao, Kigalego, ni ndugu wa Kireno. Alitueleza kwamba shuleni walimpiga kwa kuizungumza. Walitakiwa kusema Kihispania tu. Sisi Wazimba tulicheka, cheko lisilo na furaha. Nani kati yetu hajamwona mwanawe akirudi na kibao shingoni kwa kosa la kusema Kizimba, lugha yetu?

Alipougua huko Kabambare, Kiswahili na Kifaransa vilimtoka, kikabaki Kigalego. Kwetu, anayekata roho huitikiwa kwa lugha aliyonyonya, asije akatangatanga. Nami nilijua maneno machache ya Kigalego, nikaenda. Mkubwa wa nyumba ya masista akanizuia mlangoni: "Mama, ule hana tena akili. Tunasema naye Kifaransa, atarudi." Alikufa akiuliza kwa Kigalego, bila jibu.

Baada ya maziko, nikirudi Kasongo, pikipiki ilitoboka mpira. Dereva akainama kuuziba. Kando ya shamba la mihogo alisimama Sista, nguo zimelowa chapachapa, na mvua haikuwa imenyesha.

"Hai alguén?" akauliza. Je, yuko mtu?

"Estou aquí," nikamjibu. Niko hapa.

Uso wake ukalegea, kama wa mtu aliyetuliwa mzigo. Kisha akasema Kizimba, lugha ambayo hakuijua hata salamu, tena kwa sauti ya marehemu mama yangu: nawe, nani atakuitikia?

Hapakuwa na mtu tena.

"Mama, unasema na nani?" dereva akauliza. "Kama ni bwana yako, mwambie aje tusukume."

Tangu hapo usingizi wangu ni mwepesi. Nimejaribu kumfundisha mjukuu wangu maneno hayo tu, "niko hapa", kwa Kizimba. Mama yake alimwita ndani, asije akaharibikiwa Kifaransa.

Nanyi mnaojivunia watoto wasiojua lugha ya nyumbani, jivunieni. Ila siku ya kukata roho hamtachagua lugha ya kuulizia.